Kuondoa shauri mahakamani ili kufuata njia nyingine ya kisheria: mwongozo kamili kwa Tanzania Bara

Umefungua shauri, umelipia ada, umeshahudhuria mara mbili tatu. Kisha upande wa pili unaleta pingamizi la awali la mistari miwili: mahakama haina mamlaka, au mleta maombi hakumaliza kwanza njia zilizopo katika sheria nyingine. Wakili anakugeukia na kusema, "Tuliondoe tu, tutarudi."

Huenda mtarudi, huenda msirudi. Hilo linategemea mambo mawili ambayo watu wengi hawayaangalii hadi yamewakwamisha: maneno yatakayoandikwa kwenye amri ya kuondoa shauri, na kalenda. Mwongozo huu unazunguka hayo mawili. Nimeuandika kwa kufuata Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inayotumika kuanzia Mahakama ya Wilaya hadi Mahakama Kuu. Mahakama ya Mwanzo ina kanuni zake. Namba za vifungu ninazotaja ni zile zilizozoeleka. Sheria zetu zimetolewa upya katika Toleo la 2023, na namba kadhaa zimehama, kwa hiyo linganisha kabla ya kuandika chochote cha kuwasilisha.

Hatua ya 1: Hakikisha kuliondoa ndiyo dawa

Kasoro nyingi zinatibika shauri likiwa palepale. Kama hati ya madai imeandikwa vibaya au imeacha jambo, omba kuirekebisha chini ya Amri ya VI, Kanuni ya 17 ("Amri" yenye namba ni sehemu ya Sura ya 33, si amri inayotolewa na jaji). Kama umemsahau mtu anayepaswa kushtakiwa, au umemweka asiyehusika, Amri ya I, Kanuni ya 10 inaruhusu kuongeza na kupunguza wahusika. Kuondoa shauri kwa sababu ya jina lililokosewa ni kupoteza ada na muda.

Kuna hali moja ninayotaka tuikalie kidogo, kwa sababu inaumiza watu kila siku. Mdaiwa anakufuata nje ya mahakama: "Ndugu yangu, ondoa kesi, nitakulipa kwa awamu." Unaiondoa, awamu ya kwanza inalipwa, ya pili haionekani. Ukirudi mahakamani unakuta uliliondoa shauri bila ruhusa ya kulifungua tena, na njia imefungwa. Mkikubaliana, msiondoe kitu. Andikeni hati ya makubaliano, muisaini wote, muiwasilishe mahakamani irekodiwe chini ya Amri ya XXIII, Kanuni ya 3. Hapo makubaliano yanakuwa tuzo ya mahakama. Mdaiwa akikiuka, unakwenda moja kwa moja kwenye utekelezaji, na dalali wa mahakama anaweza kumfikia bila wewe kuanza kesi upya.

Kuliondoa kunafaa pale ambapo shauri haliwezi kuokolewa: uko mahakama isiyo na mamlaka, kuna chombo cha chini ulikiruka, au hukutoa notisi ambayo sheria inailazimisha.

Hatua ya 2: Itambue njia nyingine, na masharti yake

Usikubali jibu la jumla kwamba "kuna njia nyingine". Itaje kwa jina, kifungu chake, chombo chake na muda wake. Hizi ndizo zinazojitokeza zaidi.

Haki za kikatiba. Maombi yanayoletwa chini ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi, Sura ya 3, yana vizuizi viwili. Kifungu cha 8(2) kinaizuia Mahakama Kuu kutumia mamlaka yake ikiridhika kwamba mlalamikaji ana nafuu ya kutosha chini ya sheria nyingine. Marekebisho ya mwaka 2020 yakaongeza kwamba ni lazima kwanza umalize nafuu hizo zote, na kwamba kiapo chako kieleze jinsi ukiukwaji ulivyokugusa wewe binafsi. Shauri lako likigonga hapo, hoja za katiba hata ziwe nzito kiasi gani hazitasikilizwa.

Madai dhidi ya Serikali. Kifungu cha 6 cha Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, kinataka notisi ya siku 90 iende kwa wizara, idara au ofisa husika, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na Wakili Mkuu wa Serikali. Tangu mwaka 2020, kesi dhidi ya halmashauri, mashirika na taasisi za umma nazo zinamhitaji Mwanasheria Mkuu aunganishwe, na zinafunguliwa Mahakama Kuu. Sheria yenyewe inasema kutomuunganisha kunaharibu mwenendo wote. Kesi nyingi za watu na halmashauri zao zimefia hapo.

Ajira. Aliyeachishwa kazi isivyo halali anaanzia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Mtumishi wa umma hata huko haanzii: kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, kinamtaka amalize kwanza ngazi za rufaa ndani ya utumishi.

Ardhi. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya haliwezi kusikiliza mgogoro ambao Baraza la Kata halijathibitisha kwamba lilijaribu kusuluhisha likashindwa. Tangu mwaka 2021 Baraza la Kata linasuluhisha tu, haliamui. Siku 30 zikipita bila usuluhishi, unaruhusiwa kwenda mbele. Angalia pia thamani: kwa kurejesha umiliki wa mali isiyohamishika, Baraza la Wilaya linaishia shilingi milioni 300.

Kodi huanzia kwenye pingamizi kwa Kamishna Mkuu, kisha Bodi ya Rufaa za Kodi. Mahakama ya kawaida si mahali pake. Na uamuzi wa ofisi ya umma unaotaka utenguliwe kwa sababu ulikiuka utaratibu, njia yake ni mapitio ya mahakama. Hapo unaanza kwa kuomba kibali Mahakama Kuu.

Hatua ya 3: Hesabu siku kabla ya kumwambia mtu yeyote kwamba unaondoa

Soma Amri ya XXIII, Kanuni ya 2 mara mbili. Inasema shauri jipya linalofunguliwa kwa ruhusa ya mahakama litafungwa na sheria ya ukomo wa muda kana kwamba la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Yaani miezi yote uliyokaa mahakamani inahesabika dhidi yako.

Chukua mfano. Mkataba ulivunjwa Machi 2019. Madai ya mkataba yana ukomo wa miaka 6, kwa hiyo mwisho ni Machi 2025. Ulifungua kesi Februari 2025 dhidi ya taasisi ya umma bila kumuunganisha Mwanasheria Mkuu. Mei 2025 unaiondoa, unapewa ruhusa ya kuifungua upya, unatoka unatabasamu. Ruhusa unayo mkononi, lakini muda uliisha miezi miwili iliyopita, na bado una siku 90 za notisi za kusubiri.

Je, hakuna pa kuponea? Papo, ila ni pembamba. Kifungu cha 21 cha Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, kinatoa kwenye hesabu muda uliotumika kuendesha, kwa nia njema na kwa bidii, shauri lingine juu ya chanzo kilekile cha madai katika mahakama isiyo na mamlaka, au iliyoshindwa kulisikiliza kwa sababu inayofanana na hiyo. Kama kukosa notisi ni "sababu inayofanana" ni jambo ambalo upande wa pili atalipinga kwa nguvu zote. Na usipotaja msamaha huo ndani ya hati ya madai yenyewe, kama Amri ya VII, Kanuni ya 6 inavyotaka, utazuiwa kuusimulia baadaye.

Kwa kesi za madai mahakama haina uwezo wa kukuongezea muda. Uwezo huo uko kwa Waziri mwenye dhamana ya sheria, kifungu cha 44 cha Sura ya 89, naye hawezi kuzidisha nusu ya muda wa awali. Kwa maombi na rufaa mambo ni tofauti: mahakama inaweza kuongeza muda kwa sababu za msingi, na utatakiwa kueleza kila siku iliyochelewa. Hapo uamuzi wa Mahakama ya Rufani katika Fortunatus Masha dhidi ya William Shija na mwenzake utakufaa. Ulitofautisha mtu aliyekaa tu na mtu aliyewahi kwa wakati, ila alicholeta kikaonekana kina kasoro. Huyu wa pili ucheleweshaji wake ni wa kiufundi, mradi baada ya hapo alichangamka.

Muda wa kukariri unapopanga:

- Madhara yasiyotokana na mkataba: miaka 3.
- Mkataba: miaka 6.
- Kudai ardhi: miaka 12.
- Kibali cha mapitio ya mahakama: miezi 6 tangu uamuzi unaolalamikiwa. Ukipewa kibali, siku 14 za kuleta maombi yenyewe.
- Kuachishwa kazi, kwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi: siku 30. Migogoro mingine ya kazi: siku 60.
- Pingamizi la kodi: siku 30 tangu upokee uamuzi.

Ukiona muda wa njia mpya umeshapita, simama. Pengine shauri ulilonalo, pamoja na udhaifu wake, lina nafasi nzuri kuliko unakotaka kwenda.

Hatua ya 4: Angalia kitakachoanguka pamoja na shauri

Zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha jambo hadi kesi iishe, linaishi ndani ya shauri. Ukiliondoa shauri asubuhi, zuio limekufa asubuhi hiyohiyo, na kama nyumba ilikuwa inangoja mnada, benki haina haja ya kukuuliza. Mwenye dhamana iliyo hatarini asiondoe shauri bila kuwa na maombi mapya tayari. Kwa anayesubiri siku 90 za notisi kwa Serikali, mawakili huomba Mahakama Kuu amri ya zuio la muda wakati notisi ikikimbia, maarufu kama zuio la Mareva. Hutolewa kwa kuwa katika kipindi hicho huwezi kufungua kesi yenyewe, na usipolindwa utakuta mali imeshakwenda.

Madai kinzani hayafi. Mdaiwa akiwa ameleta ya kwake, yataendelea hata wewe ukiondoka, na wewe ndiye utakayekuwa unajitetea.

Na kama mko wadai zaidi ya mmoja, mahakama haiwezi kumruhusu mmoja kuliondoa shauri bila ridhaa ya wenzake. Wanakijiji 40 walioungana kwenye kesi ya ardhi wanahitaji muhtasari wa kikao wenye saini zao. Neno la mwenyekiti pekee halitoshi.

Hatua ya 5: Chagua wakati

Wakati mzuri ni kabla mdaiwa hajawasilisha utetezi. Gharama zake zinakuwa ndogo na huna pingamizi la kushindana nalo.

Pingamizi likishaletwa, mambo yanabadilika. Mahakama ya Rufani imeonya mara kadhaa dhidi ya kurekebisha kasoro ili kulikwepa pingamizi lililokwisha wasilishwa, na wakili wa upande wa pili atasimama kusema kuondoa kwako ni ujanja wa aina hiyo. Ushauri wangu: kama pingamizi ni la kweli na linahusu mamlaka au utaratibu, likubali waziwazi. Mahakama italiondosha shauri kwa kutokuwa halali mbele yake, na shauri lililoondoshwa hivyo halijaamuliwa. Msimamo huo ni wa zamani, tangu Ngoni-Matengo Cooperative Marketing Union dhidi ya Ali Mohamed Osman, 1959: kuondosha ni kwa kisichostahili kusikilizwa, kutupilia mbali ni kwa kilichosikilizwa kikashindwa. Unaweza kurudi ukiwa umerekebisha, ndani ya muda.

Lakini pingamizi likiwa la ukomo wa muda, usilikubali kirahisi hivyo. Shauri lililopitwa na muda hutupiliwa mbali, na hapo umekwisha.

Hatua ya 6: Toa ombi

Kuna aina mbili za kuondoa chini ya Amri ya XXIII, Kanuni ya 1, na tofauti yake ni kubwa. Kanuni ndogo ya (1) inakuruhusu kuondoa wakati wowote, bila kueleza sababu. Ukifanya hivyo, kanuni ndogo ya (3) inakuzuia kufungua tena juu ya jambo lilelile na inakuweka kwenye hatari ya gharama. Kanuni ndogo ya (2) ndiyo yako: unaomba kuondoa *kwa ruhusa ya kufungua upya*, na ni lazima uiridhishe mahakama kwamba shauri litashindwa kwa kasoro ya kiutaratibu, au kwamba kuna sababu nyingine za kutosha.

"Tumebadilisha mawazo" si sababu. "Ushahidi wetu ni dhaifu" ni mbaya zaidi, maana unaomba kurudia mtihani baada ya kuona maswali.

Ombi linaweza kutolewa kwa mdomo siku shauri linapotajwa. Kama upande wa pili unapinga, au hoja zina uzito, leta kwa maandishi pamoja na kiapo. Kwa mdomo linaweza kuwa hivi:

"Mheshimiwa Jaji, shauri limekuja kwa kutajwa. Kabla hatujaendelea, tunaomba chini ya Amri ya XXIII, Kanuni ya 1(2)(a) ya Sura ya 33 kuliondoa kwa ruhusa ya kulifungua upya. Mwanasheria Mkuu wa Serikali hakuunganishwa na notisi ya siku 90 haikutolewa, kasoro ambazo kwa kifungu cha 6 cha Sura ya 5 zinalifanya shauri lisiweze kusimama. Mdaiwa bado hajaleta utetezi, hivyo tunaomba kusiwe na amri ya gharama."

Limetaja kifungu, kasoro, na gharama, basi. Usianze kueleza historia ya mgogoro, jaji hakuuliza.

Maneno ya Amri ya XXIII yanazungumzia kesi ya madai. Kama lako ni maombi, yakiwemo ya kikatiba, omba ruhusa hiyohiyo kwa maneno yaleyale na utaje njia unayokwenda kuifuata, ili mwakani asitokee wa kubishana nawe juu ya ulichokusudia. Kiswahili ni lugha ya mahakama kwa sheria tangu mwaka 2021, kwa hiyo usiogope kuandika na kuomba kwa lugha unayoimudu.

Hatua ya 7: Gharama

Gharama ni hiari ya mahakama chini ya kifungu cha 30 cha Sura ya 33. Kinachopunguza hatari ni kuwahi, kuwa mkweli kuhusu kasoro, na kuongea na wakili wa upande wa pili kabla ya siku yenyewe. Akisema mbele ya jaji kwamba hana pingamizi na hadai gharama, kazi imekwisha. Mashauri ya kazi kwa kawaida hayana amri ya gharama, isipokuwa yaliyoletwa kwa kusumbua tu.

Mahakama inaweza pia kukupa ruhusa kwa sharti: lipa gharama kwanza ndipo ufungue upya. Ukipuuza sharti, shauri jipya litakuwa na kasoro tangu siku ya kwanza. Na ukiamriwa gharama bila kutajiwa kiasi, mwenzako ana siku 60 za kuleta bili ya gharama kwa msajili anayezikadiria. Ihudhurie. Watu wengi hupuuza kikao hicho, kisha wanashangaa tarakimu.

Hatua ya 8: Sikiliza amri inavyosomwa

Usifunge jalada lako hadi umesikia maneno. Unayoyataka ni kama haya: "Shauri linaondolewa kwa ruhusa ya kulifungua upya kwa kuzingatia sheria ya ukomo wa muda. Kila upande utabeba gharama zake." Ukisikia "shauri limeondolewa" na kimya, simama palepale: "Mheshimiwa, kwa heshima, tuliomba pia ruhusa ya kufungua upya." Kusahihisha wakati huo ni sentensi moja. Kusahihisha baada ya wiki tatu ni maombi ya marejeo, yenye kiapo na ada.

Omba nakala ya amri siku hiyohiyo kwa barua, na tunza nakala ya barua yenye muhuri wa kupokelewa au uthibitisho wa mfumo wa kielektroniki wa Mahakama. Kama baadaye utalazimika kuomba kuongezewa muda, barua hiyo ndiyo inayoonyesha ulichangamka.

Hatua ya 9: Nenda kwenye njia mpya, na usifiche ulikotoka

Ambatisha amri ya kuondoa shauri. Eleza kwa aya moja: lilifunguliwa lini, wapi, liliondolewa lini na kwa nini. Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ikiwa siku 30 zimepita, itataka maombi ya kuongezewa muda yaambatane na fomu ya kufungulia mgogoro; yasipokuwepo, mgogoro hauna miguu. Baraza la Kata litataka tu maelezo ya mgogoro wenyewe, lakini chukua uthibitisho wa tarehe ulipofika, kwa sababu siku 30 zinahesabiwa kutoka hapo.

Usifungue njia mpya huku ya zamani ikiwa bado hai. Kifungu cha 8 cha Sura ya 33 kinazuia mashauri mawili juu ya jambo moja kati ya watu walewale kuendelea sambamba, na hakimu akigundua unajaribu bahati sehemu mbili, nia njema unayoitegemea kwenye kifungu cha 21 cha Sheria ya Ukomo wa Muda imepotea.

Kama ulikuwa na shauri la kikatiba na sasa unamaliza kwanza njia za kawaida, tunza kila karatasi: rufaa uliyokata, risiti ya kupokelewa, majibu uliyopewa au barua za kukumbusha zisizojibiwa. Ukirudi Mahakama Kuu, kiapo chako kitazitaja moja baada ya nyingine kwa tarehe. Mtu aliyeandika barua tatu kwa ofisi ya rufaa na kunyamaziwa miezi minane ana hoja ya kweli kwamba njia hiyo ipo kwenye karatasi tu, na hoja hiyo inathibitishwa na mihuri ya kupokelewa iliyogongwa pembeni ya barua zake.